Mistari Isiyo na Majina

Mimi nina mdomo, sikatai. Mama husema nilizaliwa nikigombana na mkunga. Kwa hiyo nikikuambia kwamba Jumanne ile nilikosa hata neno moja la kujibu, ujue jambo lenyewe halikuwa dogo.

Kazi yangu ni kuhamisha faili za zamani. Ofisi yetu iko Old Kampala, juu ya duka la vitambaa, kwenye njia inayopanda kwenda msikiti mkubwa. Watu wanatuletea ripoti za kompyuta za enzi zile, zile za skrini nyeusi na maandishi ya kijani, nasi tunazigeuza kuwa Excel ili mifumo ya kisasa iweze kuzisoma. Bosi wetu, Abdul-Latif, huwaambia wateja ni kazi ya siku tatu. Uongo mtupu. Ripoti ya zamani iliandikwa ichapwe kwenye karatasi, isomwe na mtu, na mtu ana akili ya kuruka kichwa cha ukurasa na mistari ya mapambo. Excel haina akili hiyo. Usipoiambia, inameza kila kitu halafu inakutapikia takataka.

Mwezi uliopita tulipata kazi ya kliniki moja ya Lubaga. Wagonjwa elfu kumi na moja. Kila mgonjwa alikuwa na jina, namba ya kadi, mwaka wa kuzaliwa, na mwisho kabisa safu ya maelezo, ambako manesi waliandika presha, sukari, na dawa ambazo mtu hapaswi kupewa kabisa. Kliniki ikatuletea na mtu wa kutufahamisha ripoti zenyewe. Huyo alikuwa Oola, mzee wa Kiacholi aliyestaafu polisi kitengo cha redio, kisha akakaa kwenye chumba cha kumbukumbu cha kliniki miaka kumi na tisa. Mimi nilimwita Afande, na yeye aliniita Madam Sitti, ingawa angeweza kunizaa.

Sasa sikiliza vizuri, maana balaa lote lilitoka hapa. Mgonjwa mwenye maelezo marefu alipewa mistari miwili au mitatu. Aliyeandika programu ile alikuwa anabana wino, basi jina na namba ya kadi vilichapwa kwenye mstari wa kwanza tu, na mistari iliyofuata ikaachwa wazi hapo mwanzoni, mwaka tu ukirudiwa. Ukija kuhamisha, unajaza zile nafasi tupu kwa jina lililo juu yake. Kubonyeza mara moja tu, mistari elfu nne inajaa. Ni kazi ninayoweza kuifanya nimefumba macho, na kusema kweli ndivyo nilivyoifanya.

Oola alikuwa amekaa pembeni na kikombe chake cha chai ya tangawizi. Akanyoosha kidole kwenye skrini.

"Madam, ngoja kidogo. Hizo nafasi usijaze zote namna moja. Angalia mwaka kwanza. Sisi kule tulikuwa tunaangalia mwaka."

Siku ile nilikuwa nimechelewa, Abdul-Latif ameshanipigia mara mbili, na joto la bati lilikuwa linanitoboa utosi. Nikamkata kauli.

"Afande, hii si redio ya polisi. Niache nifanye kazi yangu."

Oola akarudisha kidole chake kwenye kikombe. Mimi nikajaza, kisha nikafuta marudio ili kila namba ya kadi ibaki na mstari mmoja, maelezo yote yakaunganishwa pamoja, mwaka wa kuzaliwa ukabaki ule wa juu. Faili ikatoka safi kabisa. Nilijisifu moyoni. Jumatatu kliniki ikaipakia kwenye mfumo wake mpya na kuzima kompyuta ya zamani.

Jumanne, saa nne kasorobo asubuhi, simu yangu ikalia ujumbe. Ulitoka kwa Sista Vera, nesi mkuu wa wodi ya watoto kule Lubaga. Aliandika hivi: "Sitti, mfumo wenu unaniambia mtoto aliye mbele yangu alikufa mwaka jana. Bushira Marjan. Nimemfungulia kadi mpya, mtarekebisha wenyewe." Mwishoni akaweka vile vikatuni vya kucheka machozi yakitoka.

Nikacheka na mimi. Nikamsomea Oola, maana alikuwa amekuja kuchukua vitu vyake vya mwisho. Hakucheka.

"Bushira Marjan ni marehemu kweli," alisema. "Mama mzima, miaka sabini na kitu. Nilienda kwenye msiba wake mimi mwenyewe. Huyo mtoto ni mjukuu. Ana jina la bibi yake."

"Na Marjan?"

"Marjan ni baba wa yule bibi. Bibi akamzaa mtoto wa kiume, akamwita Marjan, jina la baba yake. Huyo kijana naye akamzaa binti, akamwita Bushira, jina la mama yake. Watu wenu ndivyo mnavyofanya, si ndivyo?"

Ndivyo tunavyofanya. Mimi mwenyewe ni Mnubi, na jina langu la Sitti ni la bibi yangu mzaa baba. Kwetu mtu hazikwi na jina lake, linarudi nyumbani kwa mtoto. Ninalijua hilo tangu sijaota meno.

Nikafungua ripoti ya zamani, nakala niliyoiweka pembeni. Nikaitafuta B. Mstari wa juu: Bushira Marjan, namba ya kadi, alizaliwa 1951, presha, amefariki. Mstari wa chini yake hauna jina, hauna namba. Una mwaka tu: 2017. Na kwenye maelezo: penisilini, alivimba koo, asipewe tena.

Programu ile ilipoona jina linafanana na la juu, iliacha nafasi tupu. Haikujali ni mtu yule yule au ni mwingine. Kule kliniki kila mtu alijua hivyo, ndiyo maana walikuwa wanaangalia mwaka. Mimi niliambiwa, nikajibu kwa mdomo wangu huu. Nikamjaza mtoto jina la bibi yake na namba ya bibi yake, nikamfuta, na onyo lake la penisilini nikalihamishia kwenye kadi ya marehemu. Kadi ya marehemu imefungwa. Hakuna anayeisoma.

Nikuambie kitu cha aibu. Jambo la kwanza nililofanya halikuwa kushika simu. Nilifungua faili ya Excel, nikaenda kwenye mstari ule, nikaanza kuurekebisha kimya kimya. Niliogopa kupoteza kazi, na vidole vikatangulia kabla ya akili. Oola akauweka mkono wake juu ya kibodi.

"Hiyo baadaye," alisema. "Mtoto yuko wodini. Piga."

Nikapiga simu ya Vera. Ikaita hadi ikakatika. Nikapiga tena. Nikapiga mapokezi, nikaambiwa na ile sauti ya mashine kwamba namba inatumika. Nikamwandikia Vera kwa herufi kubwa asimpe penisilini yule mtoto, na chini ya ujumbe wangu pakabaki alama moja tu, haukufika. Mara nyingi simu yake huiacha kwenye droo anapoingia wodini.

"Wewe nenda," Oola alisema. "Mimi nitaendelea kupiga. Nenda, Sitti."

Ilikuwa mara ya kwanza kwake kuliacha neno Madam. Nikashuka ngazi bila mkoba, kichwani mtandio umelegea, na kwenye kona nikakamata boda. Nilimwambia Lubaga, na kwamba kuna mtu anakufa. Yule kijana hakuuliza bei. Tukateremka kwa kasi hadi Bakuli, na Bakuli tukasimama. Lori la matoke lilikuwa limekatika ekseli katikati ya njia panda, magari yamebanana pande zote, na hata boda zilikosa pa kupenya. Abdul-Latif akanipigia tukiwa pale pale. Oola alikuwa amemwambia.

"Nisikilize," alisema. "Ukifika huko usiseme ni sisi. Sema umeona tatizo kwenye mfumo wao. Mfumo wao, umenielewa? Tutarekebisha taratibu."

"Bosi, mtoto anaweza kufa."

"Ndiyo maana nakuambia usiseme."

Nikakata simu. Nikashuka kwenye boda, nikakimbia. Sijakimbia tangu nilipokuwa chuoni Kyambogo, na hata huko nilikuwa nakimbilia chakula. Nilipanda Mengo nikiwa nimeshika mtandio kwa mkono mmoja na simu kwa mwingine, kila hatua nikiona ile safu ya maelezo mbele ya macho yangu. Alivimba koo. Nani aliyeyaandika maneno yale? Nesi fulani, siku fulani, alimwona mtoto mdogo anakosa pumzi, na baada ya kumwokoa akakaa kwenye kiti akayaandika ili yasitokee tena. Maneno matatu manne. Na mimi nimeyafuta kwa kubonyeza, kwa sababu ya haraka na kiburi. Nikaomba njiani, kwa sauti, watu wakinitazama. Nikasema, ya Rabi, wacheleweshe kwa foleni, umeme ukatike, sindano ziishe stoo, chochote.

Nilipofika kwenye ukuta wa kliniki, geti lilikuwa wazi na askari wake hayupo. Geti la kliniki ile halikosi askari hata mvua inyeshe mawe.

Nikaifuata korido hadi wodi ya watoto. Mlangoni alisimama yule askari wa geti, Okot, rungu mkononi, anahema kunishinda mimi. Ndani pazia limevutwa kuzunguka kitanda cha dirishani, na nyuma ya pazia nilisikia sauti ya Vera ikitoa amri fupi fupi: adrenalini, oksijeni, mgeuzeni. Na chini ya sauti yake kulikuwa na nyingine, nyembamba, ya kukwaruza, inayovuta hewa na kuikosa. Sitaisahau sauti ile.

"Afande Oola alinipigia," Okot alininong'oneza. "Tulikuwa kambi moja ya polisi, Nsambya. Akaniambia acha geti, kimbia wodini, simamisha sindano. Nilifika sindano imeshaingia nusu."

"Nusu?"

"Sista alipoona naingia na rungu alidhani nimerukwa na akili. Lakini alisimama. Alisimama, mama."

Nusu. Sikujua nusu ni nyingi au kidogo. Nikakaa kwenye benchi la ukutani. Kwenye benchi hilo hilo alikaa mwanamke mnene wa makamo, amevaa gauni refu la kahawia, amekumbatia viatu vidogo vya plastiki vya rangi ya waridi. Alikuwa anasoma dua kimya kimya, midomo tu inatembea. Sikuhitaji kuambiwa ni nani. Alikuwa na sura ya Kinubi kama ya mashangazi zangu wote.

Nikamsalimu, salaam aleikum, akaitikia kwa macho. Muda ulivyozidi kwenda akaanza kuongea mwenyewe, kama watu wanavyoongea mbele ya mlango uliofungwa. Anaitwa Habibah. Yeye ni dada wa baba wa mtoto. Baba yuko Iraki, analinda majengo. Mtoto alilelewa na bibi, na bibi alipofariki ndipo yeye akatoka Arua kuja kukaa naye Bombo. Jana mtoto alikanyaga msumari, mguu ukavimba, akapata homa. Nesi alimwuliza asubuhi kama kuna dawa inayomdhuru.

"Nikamwambia mimi sijui," alisema. "Mambo ya huyu mtoto alikuwa anayajua mama yangu. Nikamwambia, angalia kwenye kompyuta yenu, mama alimleta hapa tangu anazaliwa, kila kitu kiko kwenu. Akaangalia. Akasema hakuna kitu."

Hapo ndipo nilipokosa neno. Nilitazama viatu vile. Kimoja kilikuwa na tundu la msumari kwenye soli.

Simu ikatetemeka mapajani. Oola. Nikaipokea nikiwa nimegeukia ukutani.

"Yuko hai?"

"Bado wako naye."

"Nimekaa kwenye kiti chako, nimefungua ile ripoti ya zamani. Nimehesabu nafasi tupu ambazo mwaka wake haufanani na wa juu. Sikukusudia kukuongezea mzigo. Lakini lazima ujue."

"Ngapi, Afande?"

"Sitini na tatu. Pamoja na huyu."

Nikaibana simu sikioni ingawa alikuwa ameshamaliza. Watu sitini na wawili niliowaingiza kwenye kadi za bibi na babu zao, Wanubi wengi wao, maana sisi ndio tunaorudia majina hivi. Yupo mwenye sukari ambaye mfumo unasema mzima. Yupo aliye hai anayehesabiwa maiti. Na leo ni siku ya kliniki, watu wamejaa pale nje kwenye mabenchi ya mbao wakisubiri kuitwa majina.

Ilikuwa karibu saa sita pazia lilipovutwa. Vera alitoka, kofia imepinda, akanitazama mimi kwanza, na nikajua ameshauona ujumbe wangu, au Okot amemwambia. Kisha akamgeukia Habibah.

"Anapumua vizuri. Uso bado umevimba, usishtuke ukimwona. Tutakaa naye leo na kesho. Ingekuwa sindano nzima..." Hakumalizia. Akanionyesha kwa kidevu. "Mshukuru huyu. Ndiye aliyegundua."

Habibah akaviangusha viatu. Akanishika mikono yote miwili, akaipeleka kwenye paji la uso wake, akalia kilio kile kilichokaa kifuani tangu asubuhi. Akaniita mwanangu. Akaniombea watoto, afya, Makka, akasema nyumba yake ya Bombo ni nyumba yangu, na kwamba siku zote atamwambia Bushira kuna dada mmoja alikimbia kwa miguu kutoka mjini kumwokoa. Machozi yake yalikuwa ya moto kwenye vidole vyangu.

Nilisikia sauti ya Abdul-Latif kichwani. Usiseme. Na haki ya Mungu, ingekuwa rahisi. Mwanamke ameshanisamehe bila kujua kuna kosa. Ningeinuka, ninywe soda atakayoninunulia, niende zangu nikiwa shujaa. Vera naye alikuwa anatazama sakafu. Niliogopa kuliko nilivyoogopa Bakuli.

"Mama," nikasema, "niachie mikono. Onyo la mtoto lilikuwepo. Mama yako alilisema, wakaliandika. Mimi ndiye niliyelifuta. Nilikuwa nahamisha majina, nikamchanganya na bibi yake. Kuna mtu alinikataza, sikumsikiliza."

Hakuniachia mara moja. Alibaki ameishika, ananitazama, na nikaona jinsi maneno yanavyomwingia, moja baada ya jingine. Kisha akanifungua vidole taratibu, akafuta uso wake kwa ncha ya mtandio. Nilisubiri kofi. Nilisubiri matusi ya Kinubi ninayoyajua yote. Ningeyapokea.

"Ni yeye peke yake?" aliuliza.

"Hapana. Wako wengine."

"Wangapi?"

"Sitini na wawili."

Akainama, akaviokota vile viatu vya waridi, akavipangusa vumbi kwa kiganja. Mlangoni mwa korido sauti ya karani wa mapokezi ilisikika ikiita jina la mtu, mara ya kwanza, mara ya pili.

"Sasa hapa umekaa kufanya nini?" Habibah alisema.